Safari ya Nne ya Kindi

"Kindi hajahama mpaka arudie tundu tupu."

Niliwaambia hivyo wajukuu zangu watatu, Shamte, Mwinshehe na Kuruthumu, siku waliyomaliza kuvusha mpunga wetu kutoka ng'ambo ya mto. Magunia yalikuwa yamekwisha pangwa barazani, mtumbwi umefungwa, na wenyewe wamenawa mikono wanasubiri wali wa mpunga mpya. Nikawauliza kama yuko aliyerudi kuangalia dungu baada ya kupakia gunia la mwisho. Dungu ni kile kibanda chetu cha juu ya nguzo, tunachokaa wakati wa kulima na kulinda shamba. Wakatazamana. Basi nikawatolea methali hiyo, nikawarudisha mtoni na njaa yao.

Waliporudi, Shamte alilitupa kafi chini.

"Tupu, babu! Hata panya hayumo. Umetuchosha bure."

"Alhamdulillahi," nikasema.

"Sasa unashukuru nini?" akauliza Kuruthumu, ambaye kwa utani huniita mumewe. "Mume gani huyu, anamtesa mkewe kwa njaa halafu anashukuru?"

Wenzake wakacheka. Mwinshehe, ambaye huwa hasemi mpaka awe na la kusema, akaniuliza, "Babu, kindi gani huyo anayerudi mahali pasipo na kitu? Na sisi tumemkosea nini hata tufuate mwendo wake?"

Nikawaambia wakae wale, nami nitawaeleza. Kisa hiki hakifai kusikilizwa na mtu mwenye njaa. Chanzo cha methali hii, niliyopewa na walionilea, ni hiki.

Zamani, kabla mimi sijazaliwa, watu wa hapa walikuwa wakihamia ng'ambo nyumba nzima nzima mvua zilipoanza. Kila familia ilikuwa na dungu lake, na madungu yalikuwa karibu karibu, mtu akikohoa huku anapewa pole kule. Watoto walikuwa wa wote. Mtoto akisikia njaa alikula penye moto uliowaka, na akichoka alibebwa na mgongo uliokuwa karibu. Mama kuzunguka akiuliza, "Jamani, mwanangu yuko wapi?" lilikuwa jambo la aibu. Ilikuwa kama kuwaambia wenzake kwamba hawaamini. Mila hiyo ilikuwa nzuri, wala siisemi vibaya. Lakini hata kitu kizuri kina pembe inayoweza kumchoma mtu.

Alikuwako huko mtu mmoja, Mketo, mwenye nguvu na mwenye maneno. Hakuna aliyemshinda kupiga kafi. Mkewe aliitwa Mwanahawa, na walikuwa na watoto watatu, wa mwisho akiitwa Mbonde, kiumri kama miaka mitatu. Mketo aliishi pia na dada yake mkubwa, Somoe, mjane. Somoe alikuwa na mguu mmoja mbovu, hawezi kuinama shambani, kwa hiyo kazi yake ilikuwa kukaa juu ya dungu na kamba ya makopo, kufukuza ndege na wanyama wasifukue mbegu.

Mbele ya dungu lao palikuwa na mkuyu. Tawi lake moja nene lilikuwa limekauka, na katika tawi hilo palikuwa na tundu, usawa wa macho ya mtu aliyekaa dunguni. Hapo ndipo alipoishi kindi. Na kindi, mnajua wenyewe, mahindi ukiyafukia asubuhi yeye huyafukua adhuhuri.

"Nitamtoa roho mnyama huyu," Mketo alisema kila siku.

"Mwache kwanza, mdogo wangu," Somoe alimjibu. "Nataka nimwone mwisho wake."

Maana Somoe, kwa kukaa mahali pamoja kutwa, alikuwa amekwisha anza kumjua. Alikuwa amewaona madume watatu wakimkimbiza jike yule tangu jua linachomoza mpaka linapinda, kutoka mkuyu hadi mti wa mtondoo, wakipiga kelele kama watu wanaogombea shoka. Kesho yake madume wakaenda zao, na wala hakumwona hata mmoja akirudi kuleta jani.

"Kumbe wanaume ni wale wale!" Mwanahawa alicheka alipoambiwa.

Jike ndiye aliyeanza kazi. Alibeba majani makavu mdomoni, akaingia nayo tunduni kinyumenyume. Alileta nyasi. Siku moja Somoe aliamka akaona mto wake wa kulalia umetobolewa pembeni na sufi inatoka nje, na kule kwenye mkuyu kuna mdomo umejaa sufi kama mzee mwenye ndevu. Wanawake walicheka hadi wakashika mbavu. Somoe hakuushona ule mto. Aliuacha na tobo lake, na kila siku sufi ilipungua.

Wala kindi hakutengeneza tundu moja tu. Alikuwa na jingine kwenye mtondoo, mbali kidogo, ambalo alikwenda kulitazama mara moja moja na kuongeza majani. Somoe alishangaa mnyama mmoja ana nyumba mbili za nini. Baadaye alielewa.

Yapata miezi miwili baada ya zile mbio za madume, kindi akapotea siku mbili. Alipotoka alikuwa amekonda tumboni, chuchu zimemtoka, na hakai nje. Anakula haraka, anakunywa umande kwenye majani, anarudi ndani. Somoe akasema, "Kajifungua." Na tangu siku hiyo alipofukuza ndege hakuitingisha kamba ya upande wa mkuyu. Mahindi yaliyopandwa tena upande ule yalifukuliwa, na Mketo akaona.

"Dada, umewekwa kulinda shamba langu au kulinda mwizi wangu?"

"Ananyonyesha, Mketo."

"Hata mke wangu amenyonyesha, na hakuiba mahindi ya mtu!"

Zikapita kama wiki tatu. Asubuhi moja Mketo akaja na shoka. Alisema nguzo moja ya dungu imeliwa na mchwa na lile tawi kavu linafaa. Huenda ni kweli, na huenda alikuwa na lake moyoni. Akapanda mkuyu, akapiga shoka la kwanza, tawi likatikisika. Kindi akatoka. Akamwangalia mtu, akaangalia shoka, akarudi ndani. Alipotoka tena alikuwa amebeba mtoto.

Somoe alikuwa pale pale, akaona kila kitu. Mama alimshika mtoto kwa ngozi ya tumbo, naye mtoto akajikunja, miguu na mkia akavizungusha shingoni mwa mamaye kama kitambaa. Manyoya yake yalikuwa ndiyo kwanza yanaota, na macho bado yamefumba. Hakuona shoka wala mtu wala urefu wa kuanguka. Alichojua ni kushika tu. Mama akaruka naye tawi kwa tawi mpaka mtondoo, kwenye lile tundu la pili.

Akarudi. Akapita karibu na mkono wa Mketo, karibu kiasi ambacho angeweza kumpiga. Akabeba wa pili. Akarudi, akabeba wa tatu. Mketo alikuwa amelishusha shoka, anatazama na mdomo wazi.

Kisha kindi akarudi safari ya nne. Anahema, mbavu zinaonekana. Akaingia tunduni, ndani kabisa, akakaa humo hata ukadhani hatatoka. Wakasikia majani yanapekuliwa. Akatoka mdomo mtupu, akatazama nyuma mara moja, akaenda zake, na hakurudi tena.

Mketo akacheka hadi akalazimika kushika tawi.

"Mpumbavu wa wanyama! Watoto watatu, safari nne! Hajui hata kuhesabu hadi tatu!"

"Labda hajui," Somoe akasema. "Lakini mimi ningekuwa mwanawe, ningelala usingizi."

Siku hiyo Mketo hakuendelea kukata. Kicheko kilimmaliza nguvu. Ila maneno hakuyamaliza. Jioni madungu yote yalikuwa yamekwisha sikia, na tangu hapo ukawa msemo wa mzaha. Mtu akienda mtegoni akarudi bila samaki, wenzake wanamwimbia, "Umekwenda safari ya kindi!" Mchumba akikataliwa, amekwenda safari ya kindi. Somoe naye akajitungia wimbo wake, akawa anauimba huku anavuta kamba ya makopo:

Kindi mama wa watoto,
Hukuogopa na mto,
Watoto wapate joto,
Rudi tena uchungue.

"Mto gani aliovuka huyo?" Mketo alimdhihaki. "Dada, hata wimbo wako unasema uongo."

"Ngoja mto," Somoe akajibu, kwa mzaha tu. Hakujua anasema nini.

Watoto wa kindi wakafumbua macho. Wakaanza kuchungulia nje ya tundu la mtondoo, vichwa vitatu pamoja, kisha kushuka shina hatua mbili na kurudi mbio. Mama akawa anawatangulia, anasimama, anawangoja. Wiki chache baadaye walikuwa wanakula kuyu wenyewe, ingawa jioni bado walimsukuma mama yao tumboni wakitafuta ziwa, naye akiwasukuma pembeni. Somoe alikuwa akimwambia Mwanahawa, "Wako wote watatu," kana kwamba ni habari za jamaa waliosafiri.

Ndipo mto ukaja.

Mafuriko tunayajua sisi, yana msimu wake, na watu huyangoja kwa ajili ya rutuba. Mwaka ule yalitangulia. Asubuhi watu waliamka wakaona maji yako kwenye mashina ya mpunga, na kabla jua halijapanda yako magotini. Mzee wa madungu akapiga mbiu: wahame wote, wavuke kwenda mwinukoni. Mitumbwi ilikuwa michache. Ikawa ni kubeba vyungu, mbegu, kuku, wagonjwa na watoto, kila mtu anapakia kilicho mbele yake. Mtoto wa huyu alitiwa mtumbwi wa yule, kama ilivyokuwa desturi, na hakuna aliyeuliza.

Mketo alivusha watu safari sita. Mikono yake ilichunika. Alipofikisha mtumbwi wa mwisho jua lilikuwa limeinama, na mvua nyingine imeanza. Watu wakamshangilia. Akaketi chini ya kibanda cha majani, wakampa uji.

Somoe, aliyevushwa katika safari ya pili, akawa anapita kati ya watu na fimbo yake, anaangalia nyuso za watoto. Akafika kwa Mwanahawa.

"Mbonde yuko wapi?"

"Yuko na watoto wa Binti Ngwale. Asubuhi alikuwa nao."

Binti Ngwale, jirani yao, alikuwa amekaa hatua tatu kutoka hapo. Akageuka. "Kwangu aliondoka mapema, shoga. Alisema anamfuata mama yake. Nikajua mmempakia."

Mwanahawa akasimama, akakaa, akasimama tena. Lakini ulimi wake haukufunguka, maana watu wote walikuwa wanatazama, na swali lile lilikuwa na aibu yake. Mketo ndiye aliyesema.

"Dada, unawatukana watu. Mtoto yuko humu humu, kwenye mgongo wa mtu. Mimi ndiye niliyetoka mwisho. Nimepita mbele ya kila dungu, hakuna mtu."

"Basi nipe mtumbwi niende nikaone hivyo hivyo kwamba hakuna mtu."

Kijana mmoja akapaza sauti, "Bi Somoe anataka safari ya kindi!" Na watu, pamoja na uchovu na baridi, wakacheka.

Somoe aliwapa mgongo. Aliuburura mguu wake mpaka ukingoni, akaingia mtumbwini, akashika kafi. Mguu ulikuwa mbovu, mikono haikuwa. Mketo akaona dada yake mkubwa anasukuma mtumbwi peke yake kwenye maji ya namna ile, na watu wanamtazama yeye. Aibu ikamnyanyua. Akaweka uji chini, akaingia maji hadi kiunoni, akapanda.

"Mbonde si ndiye baba yako, babu?" Shamte akanikatiza hapo, tonge liko mkononi.

"Ndiye. Kula."

Walipiga kafi pamoja, Mketo amenuna. Katikati ya maji akasema, "Tukirudi na mtumbwi mtupu watanicheka mpaka kiangazi."

"Mungu atujalie turudi na mtumbwi mtupu," Somoe akasema. "Nitamshukuru siku zangu zote. Piga kafi."

Wakafika kwenye dungu lao. Maji yalikuwa yamefika sakafuni, vijiti vya sakafu vinatoa povu. Mketo akashika nguzo, akanyoosha shingo, akachungulia mlangoni. Ndani kulikuwa giza la mvua. Aliona jiwe la kusagia waliloshindwa kulibeba, kikapu kilichotoboka na jamvi kuukuu lililokunjwa kwenye pembe.

"Mbonde!" akaita. Mvua ikajibu juu ya paa. "Umeona, dada? Tupu. Nilikwambia." Akaiachia nguzo, mtumbwi ukaanza kurudi nyuma.

"Hukuingia," Somoe akasema.

"Nimeona kwa macho yangu!"

"Kindi aliingia, mdogo wangu. Hakuchungulia mlangoni akaenda zake. Aliingia ndani kabisa, akapekua majani. Ingia."

Mketo akamtazama dada yake.  Akarudi, akashika nguzo, akapanda. Maji yalikuwa yanapita kati ya vidole vya miguu yake. Akaondoa kikapu. Akalishika lile jamvi alivute, akaliona ni zito.

Mbonde alikuwa ndani ya jamvi, amelala. Alirudi nyumbani kumtafuta mama yake, wakati mama yake yuko ukingoni anapakia mbegu. Akangoja, akaona baridi, akajikunja kwenye jamvi kama alivyozoea, akapitiwa na usingizi mzito wa mtoto aliyelia akachoka. Upande mmoja wa jamvi ulikuwa umelowa.

Akafumbua macho. "Baba," akasema, "mama amepika?"

 Mketo alimnyanyua, na mtoto akamzungushia mikono shingoni na miguu kiunoni, akashika kwa nguvu na macho ameyafumba tena. Somoe alipowaona wanatoka mlangoni hivyo, mmoja amejifunga kwa mwenzake kama kitambaa, alifunika uso kwa kanga yake.

Wakasukuma mtumbwi, na hawakufika mbali. Nguzo iliyoliwa na mchwa ikalia, dungu likainama, likaketi majini kama ng'ombe aliyechoka.

Huko mwinukoni hakuna aliyecheka. Mwanahawa alimchukua mwanawe, alimnusa tu kichwani, anamnusa na kumnusa. Mketo akasimama mbele ya watu, maji yanamtiririka.

"Nilimwita kindi mpumbavu kwa sababu hajui kuhesabu," akasema. "Mimi najua. Nimehesabu safari sita, nimehesabu mbegu, nimehesabu hata kuku. Asiyejua kuhesabu alikwenda kuangalia. Namshukuru Mungu, namshukuru dada yangu, na yule mnyama namshukuru pia, na anayetaka kucheka acheke."

Akamgeukia yule kijana aliyepaza sauti. Kijana alikuwa anatazama vidole vya miguu yake. Mketo hakumgombeza. Akamwambia, "Ulisema kweli. Ilikuwa safari ya kindi."

Toka siku hiyo maneno hayo hayakuwa mzaha tena. Watu wakaanza kusema, kindi hajahama mpaka arudie tundu tupu. Maana yake, usiseme umewaokoa wako kwa kuwa hesabu imetimia. Rudi, ingia ndani, hakikisha. Ukikuta kitu, umekiokoa. Usipokuta, shukuru, maana hilo ndilo ulilokwenda kuliomba. Na kuuliza "mwanangu yuko wapi" kukaacha kuwa aibu. Ikawa desturi kwamba wa mwisho kuondoka dunguni huingia, akaita, "Nani kabaki?" akangoja, na kimya kikimjibu, akasema, "Tunashukuru."

Maji yalipopungua, mkuyu ulikuwa umesimama na mtondoo pia, na Somoe akaenda kuhakikisha. Wako wote, akasema. Mketo hakuligusa tena lile tawi kavu. Kila alipopanda, konzi ya kwanza ya mahindi aliimwaga chini ya mkuyu, akaiita fungu la kindi. Baba yangu aliimwaga, na mimi naimwaga mpaka leo. Kindi hula fungu lao, halafu huja kula na letu. Sina neno. Bila yule mama yao mimi sipo, na ninyi hampo, na wali huu ungekuwa umepikwa na watu wengine.

Nilipomaliza, sahani ilikuwa nyeupe. Kuruthumu alikuwa anachora chora sakafuni kwa kidole. Mwinshehe akakohoa.

"Babu," akasema, "sisi hatukuingia."

"Mwinshehe!" Shamte akamkata jicho.

"Tulichungulia tu kutoka mtumbwini. Hatukupanda."

 Niliinama nikaliokota kafi pale Shamte alipolitupa, nikaliegemeza ukutani. Shamte ndiye aliyelichukua. Wakatoka wote watatu, na safari hii sikumsikia hata mmoja akilalamika njaa, kwa kuwa walikuwa wameshiba, wala uchovu, ingawa walikuwa wamechoka.

Walirudi kabla ya magharibi. Kuruthumu akatangulia kupanda baraza, miguu yake imejaa tope, na kwenye nywele zake kuna makapi ya paa la dungu.

"Tuliingia, babu. Tukainua jamvi. Tukaita, tukangoja."

"Enhe?"

"Tupu," akasema, na macho yalikuwa yanamng'aa. "Tunashukuru."

Basi hapo nikajua kwamba wamehama. Kindi hajahama mpaka arudie tundu tupu.